Mwanamke Aliyekimbia Nyuma ya Machela

Tulimzika Koburungi, aliyekuwa amepita miaka mia, kule Mabira mwezi uliopita, chini ya mvua nyepesi ambayo haikuwa na nia ya kunyesha wala ya kukoma. Katekista alikuwa amekwisha kusoma sala ya mwisho, vijana walikuwa wakisawazisha udongo kwa migongo ya majembe, na harufu ya ndizi zilizopikwa na maharage ilikuwa imeanza kutoka jikoni, ndipo Adelina, binti mkubwa wa marehemu, ambaye naye sasa ni bibi mwenye mvi, aliponishika kiwiko akanivuta hadi chini ya paa la kibanda cha kuni. Nilidhani anatafuta mahali pa kulia. Badala yake akaniuliza, kwa sauti ya mtu anayeulizia sufuria aliyoiazimisha, "Mwalimu, ile picha ya bibi anayekimbia bado iko duniani?" Nilimjibu kwamba sijui, na huo ndio ukweli, mikebe ya filamu ilipakiwa ikaenda ilikokwenda, na tangu hapo hakuna aliyeniletea habari zake. "Basi fikiri," akasema. "Nina sababu ya kuuliza. Lakini kula kwanza." Nikaletewa sahani, nikakaa kwenye gogo, na nilipokuwa nikila mwaka ule mzima ukanirudia: vyumba vyake, harufu zake, na hasa maneno niliyoyasikia, ambayo kwangu yamedumu kuliko sura za waliokuwa wakiyasema.

Ulikuwa mwaka mmoja tu, katika ile miaka ya hamsini ambapo kila mwenye cheti aliamini kwamba nchi inamsubiri yeye binafsi. Mimi nilikuwa nacho. Nilikuwa nimetoka chuo cha ualimu nikapewa darasa la pili Ihanda, na nilikuwa na viatu vyeusi nilivyovipiga rangi hata siku za tope, pamoja na imani thabiti kwamba ukweli ni kama maji safi: ukishayafikisha kijijini, hakuna atakayekataa kunywa. Ndipo alipofika Mzungu mmoja aliyekuwa akitengeneza filamu kuhusu namna zahanati zilivyoingia Karagwe. Jina la kwao lilitushinda ulimi, na watu wakamwita Bwana Mikanda, kwa ajili ya mikanda ya picha aliyokuwa akitembea nayo kila mahali. Misheni ilikuwa imemfungulia sanduku lenye mikebe ya bati, na ndani ya mikebe mlikuwa na picha zilizopigwa mwishoni mwa miaka ya ishirini na padri mmoja wa zamani, kwa kamera ndogo iliyotiwa ufunguo kama saa. Padri huyo alikuwa amekwisha kufariki. Hakuna aliyejua tena alipiga nini, wapi, wala akina nani. Bwana Mikanda alihitaji mtu anayejua Runyambo, Kiswahili na Kiingereza, mwenye macho mazuri na asiye na pupa, na paroko akanitaja mimi. Kazi yenyewe haikuwa na jina kwetu. Wajukuu zangu wananiambia kwamba katika nchi nyingine ni taaluma kamili, kwamba wapo watu ambao maisha yao yote huzitafuta picha za kale, huzitambua, kisha huwakabidhi watengenezaji wa filamu. Ihanda majirani walisema tu kwamba Mwalimu Leokadia ameajiriwa kuwatazama marehemu.

Tulifanyia kazi katika ghala la zamani la kahawa. Madirisha yalizibwa kwa mablanketi, ukuta mmoja ukapakwa chokaa ili picha zionekane, na katikati paliwekwa meza ndefu yenye magurudumu mawili ya kuzungushia mkanda, taa iliyofunikwa kwa kioo, na lenzi ya kukuzia ambayo niliivaa shingoni kama rozari. Mkanda wa kale hunywea. Matundu yake ya pembeni, yale yanayoshikwa na meno ya mashine, husogeleana, na ukiulazimisha unachanika. Kwa hiyo kila mkanda niliupitisha kwanza mkononi, nikiwa na glavu za pamba, vidole vikisikiliza ukingo hatua kwa hatua. Palipochanika, Deogratias alipakwaruza, akapaka gundi, akabana, akaunga. Deo alikuwa dereva wetu, fundi wa projekta na mlezi wa jenereta, mtu wa Bukoba mjini, aliyetuona sisi wa Karagwe kuwa watu wa porini na hakujisumbua kulificha jambo hilo. "Mwalimu," aliniambia siku moja, wakati dume lile lile lenye pembe pana likipita ukutani kwa mara nyingine, "huyu ng'ombe mwaka huu nimemwona kuliko nilivyomwona mke wangu. Nimwamkie, au ataninunia?" Saa ya chakula tulitoa mablanketi, tukakaa mlangoni, tukala ndizi kutoka chungu kimoja. Kulipokuja msimu wa senene, Bwana Mikanda alizila kwa mkono akitafuna taratibu, uso ukiwa mzito kama wa mtu anayekula kiapo, na akina mama wa misheni walipita makusudi ili wamwone.

Nilikuwa nimejiwekea sheria, na kwa kuwa nilikuwa kijana niliitangaza: picha yoyote isiingie kwenye filamu kabla ya mtu aliyekuwapo, au mtoto wake, kuiona na kusema ni nini. Bwana Mikanda hakukasirika. Alikuwa na Kiswahili cha vitabuni, kilichonyooka mno, kama shati lililopigwa pasi likiwa bado mwilini. "Mwalimu Leokadia," akasema, "kwa utaratibu huo tutaimaliza filamu siku ya kiyama." Deo akadakia, "Vizuri, Bwana. Siku hiyo hatutahitaji jenereta." Tukacheka sote, na sheria ikapita, kwa sababu Bwana Mikanda alikuwa mwungwana na kwa sababu kwa muda mrefu haikumgharimu chochote. Tuliwaonyesha wazee picha za soko, za kanisa likiezekwa, za watoto wakiogopa kamera, nao walituambia majina, na majina yalikuwa matamu kinywani mwao. Wengine walitafuna buni walizotukaribisha nazo, wakasahau kutema.

Palikuwa na kipande kimoja kifupi ambacho Bwana Mikanda alikipenda kuliko vyote. Boma la wafugaji. Asubuhi, kwa jinsi vivuli vilivyolala. Wanaume wanatoka langoni wamebeba mabegani engozi, ile machela ya kusuka kama kikapu kirefu ambayo kwetu hubebewa mgonjwa. Ndani yake amelala mtu aliyefunikwa kabisa kwa nguo ya gome la mti. Wanawake wanafuata wakilia, mikono kichwani. Machela inakuja moja kwa moja kwenye kamera, inapita, na hapo padri, Mungu amrehemu, hakuzima kamera yake. Kwa nyuma kabisa mlango wa nyumba unafunguka, mwanamke anatoka, anasimama kidogo kama aliyepigwa na jua, kisha anaanza kukimbia. Anakimbia kwa mikono miwili mbele, hadi langoni, na hapo anashika nguzo na kubaki, akitazama, na kipande kinaishia hapo. Bwana Mikanda alikuwa amejenga sehemu yote ya kwanza ya filamu yake juu ya mwanamke huyo. Maneno ya msimulizi alikuwa amekwisha kuyaandika, ingawa hayakuwa yamerekodiwa: kwamba hivi ndivyo ilivyokuwa kabla ya zahanati, mgonjwa alibebwa akafie mbali, na mama hakuwa na la kufanya ila kukimbia nyuma yake. Alinisomea maneno hayo kwa sauti ya chini, na macho yake yalikuwa mekundu. Hakuwa mwongo. Aliamini alichokiona, na mimi mwenyewe, mtoto wa wakulima wa migomba, nisiyejua ya wafugaji, nilikiona hivyo hivyo.

Kilichonitia shaka ni maziwa. Nilipokitazama kipande hicho kwa lenzi, picha moja moja, niliona kwamba wasichana wawili waliofuata machela walibeba ebyanzi, vyombo vya mti vya maziwa, vyenye vifuniko vya kusuka, vipya na vyeupe. Nikamwonyesha Bwana Mikanda. "Chakula cha njiani," akasema. Nikamwambia kwamba vifuniko vile haviendi na chakula cha njiani. Akauliza kama nina hakika. Nikasema sina. "Basi, twende tukaulize," akasema, na nikamheshimu kwa hilo, maana niliona jinsi alivyoufunga mkebe: polepole, kama mtu anayefunika mtoto aliyelala.

Siku hizi Mabira iko Kyerwa. Wakati ule yote ilikuwa Karagwe, na Landrova ilitumia siku nzima kubishana na barabara. Tuliziba madirisha ya kanisa dogo la udongo, tukatundika shuka, na wazee wakaja mchana na vigoda vyao. Waliona ng'ombe kwanza, wakashangilia. Kisha ikaja machela, na mzee mmoja akasema kwa Runyambo, bila hata kuinua sauti, "Ahaa, wanampeleka bibi harusi." Mwingine akasema, "Harusi ya nyumba kubwa hiyo, tazama ebyanzi." Nikamtafsiria Bwana Mikanda. "Lakini wanalia," akasema. Wazee wakacheka sana walipoelezwa. "Mwambie kwetu bibi harusi asiyeliliwa ni yule ambaye kwao wamemchoka!" Katikati ya kicheko hicho, mwanamke wa makamo aliyekuwa ameketi karibu na mlango akasema neno moja: "Rudisha." Deo akabonyeza kitufe, na mkanda ukarudi taa ikiwa inawaka. Machela ikatembea kinyumenyume kuingia bomani, na yule mwanamke wa langoni akaiachia nguzo, akakimbia kinyumenyume uani, akarudi mlangoni, na mlango ukamfungia ndani. Watu wakacheka tena, hadi machozi. Yule mwanamke hakucheka. Ndiye Koburungi.

Alitukaribisha kwake jioni ile, mimi na Deo, lakini Deo alibaki uani akisifiwa na vijana kwa ajili ya gari. Chumba kilikuwa na majani makavu sakafuni na harufu ya moshi wa kufukizia vyombo vya maziwa. Alinipa maziwa ya mgando, akangoja ninywe, akasema, "Mwanangu, aliyefunikwa ndani ya engozi ni mimi. Anayekimbia ni mama yangu." Kisha akanieleza, kwa utaratibu, kama anayemfundisha mtoto. Katika ukoo wao, siku binti anapobebwa, mama hukaa chumba cha ndani na mlango hufungwa. Shangazi wa binti ndiye mlinzi wa mlango huo. Jicho la mama likimfuata mtoto njiani, walisema, mtoto atarudi: ama ndoa itakufa, ama tumbo halitashika. "Nilikuwa chini ya nguo ya gome, sioni kitu. Niliwasikia wote wakilia, nikazitambua sauti moja moja. Ya mama sikuisikia. Nikajua ametii. Na kabla sijatoka fungate kwa mume, kabla sijarudi kumsalimu, mama akafariki. Hata kuzika sikuzika." Kuku aliingia, Koburungi akamfukuza kwa upande wa mguu, bila kumtazama. "Maisha yangu yote nimewaambia watu kwamba mama alikuwa mwanamke wa heshima, alitii miiko. Na maisha yangu yote nimetamani kwamba hakutii."

Nilikuwa na umri wa miaka ishirini na ushee, na nilichokisikia katika maneno hayo kilikuwa ushindi. Nilimwambia tutabadilisha maneno ya filamu. Tutasema ni harusi, tutasema huyu ni mama aliyempenda binti yake, na watu wote watajua. Koburungi alinitazama kwa huruma ambayo sikuielewa. "Ukisema hivyo," akasema, "umesema pia kwamba alivunja mwiko. Watoto wangu wa kwanza wawili walikufa, mwanangu. Nyumba ya mume wangu ilitafuta sababu, haikuipata, ikaacha. Utawapa sababu. Na huyu Adelina wangu ameposwa Nyakatuntu, kwa watu wanaoshika miiko kuliko sisi. Wakisikia bibi yake alinitazama nikiwa njiani, unadhani watamchukua?" Adelina alikuwa nyuma ya pazia akipepeta ulezi, sauti ya ungo ilikuwa imesimama. Nikauliza, kwa unyenyekevu sasa, kama tuache maneno ya zamani, ya mgonjwa, kwa kuwa hayo hayamtaji mtu. "Hayo yanamficha mama," akakubali. "Lakini yanamfanya alilie maiti. Na mimi niko hai, nakunywesha maziwa." Njia ya tatu ilikuwa kukikata kipande chote. Sikuitaja. Aliitaja mwenyewe, na aliposema neno "kata" alishika koo lake.

Nimefundisha watoto miaka mingi tangu siku ile, na kila nilipoandika neno "ukweli" ubaoni nimekikumbuka chumba kile. Nilikuwa nimefika na maji yangu safi, nikamkuta mtu ambaye kiu yake ilikuwa kubwa kuliko ya mtu yeyote niliyewahi kumwona, naye ananiuliza, kwa haki kabisa, kama maji hayo hayatawanywesha watoto wake sumu. Picha haimjui aliyemo wala ajaye kuitazama. Inaonyesha tu. Ni sisi tunaozitoa kwenye mikebe ndio tunaowajibika kujua nani yuko chumbani zinapowashwa, na somo hilo sikufundishwa chuoni.

Bwana Mikanda nilimsimulia siku iliyofuata, tukiwa tumeegemea Landrova. Nilitegemea abishe, kwa kuwa bila machela ile filamu yake ilibaki bila moyo. Alisikiliza hadi mwisho, akavua kofia, akaiangalia ndani. "Nilipoondoka kwetu," akasema, "mama yangu hakuja stesheni. Alisema ana kazi jikoni." Baadaye akasema maneno ya mgonjwa atayafuta hata kama hadithi ya zahanati itakosa mwanzo wake, na kuhusu mengine atafuata atakachosema mama huyo. Deo, ambaye nilidhani hatusikilizi, akafunga boneti kwa kishindo. "Basi nitalazimika kuungaunga upya mkanda wote," akalalama. "Na mimi mama yangu alikuja stendi na mkungu wa ndizi mbivu, akaniaibisha mbele ya abiria wote. Hayo hamyaweki kwenye filamu."

Koburungi alichukua siku zake za kufikiri, nasi tukarudi Ihanda. Jibu lake alilileta Adelina mwenyewe, aliyefika kwa miguu hadi kituo cha lori na kisha kwa lori hadi kwetu, mshupavu, mwenye vumbi hadi kwenye kope. "Mama anasema hivi. Ionyesheni picha. Semeni ni harusi. Jina la bibi msiliseme. Ionyesheni Mabira kwanza kabla ya kwingine, na shangazi wa mama aketi mbele." Nikauliza kama wakwe zake watarajiwa watakuwapo. "Wamealikwa," akasema Adelina. Nikamwambia kwamba bado anaweza kumsihi mama yake aache. Akanikazia macho. "Mwalimu, mimi nilikuwa nyuma ya pazia. Kama watanikataa kwa sababu bibi yangu alikimbia, mbona nitakuwa nimeponea chupuchupu?" Alisema hivyo, lakini mikono yake ilikuwa inaukunja na kuukunjua ukingo wa kanga.

Shangazi aliitwa Nyamwiza. Ndiye aliyekuwa mlinzi wa mlango siku ile, na katika mambo ya miiko neno lake lilisikilizwa katika nyumba zote za upande ule; wanawake walipomwamkia shikamoo walipiga magoti, na baadhi ya wanaume nao walitamani. Tulitundika shuka kati ya nguzo mbili kwenye majani, nje ya kanisa, giza lilipoanza kuingia. Watu walikuwa wengi. Wakwe wa Nyakatuntu walikuwa wameketi kwa heshima, upande mmoja, baba wa mchumba akiwa na fimbo yake kati ya magoti. Bibi Nyamwiza aliwekewa kiti mbele kabisa, karibu na mashine. Koburungi alikaa nyuma yake chini, mimi pembeni yao, na niliona kwamba hakumwambia shangazi chochote. Jenereta ikaanza kunguruma. Machela ikatoka langoni. Msimulizi wetu jioni ile alikuwa mimi, kwa kipaza sauti, kwa kuwa sauti ya filamu ilikuwa bado. Nikasema, "Bibi harusi anapelekwa kwa mumewe," na nikanyamaza kama nilivyoagizwa. Mlango ukafunguka. Mwanamke akatoka, akasimama, akakimbia.

Baba wa mchumba ndiye aliyeanza kusema. "Yule anayekimbia," akauliza, na aliuliza polepole, "ni nani wa bibi harusi?" Deo, bila kuambiwa, alikuwa ameisimamisha picha, jambo ambalo hakuna fundi anayethubutu kulifanya, maana taa huunguza mkanda. Mwanamke alisimama pale, ameshika nguzo, na ukingo mmoja wa picha ukaanza kugeuka kahawia. Ndipo Bibi Nyamwiza aliposhika fimbo yake akainuka. Alikuwa mbele ya mashine, na kivuli chake kikaangukia kwenye shuka, kikubwa, kikasimama bega kwa bega na yule wa langoni. "Ni mke wa kaka yangu," akasema. "Mlango niliufungua mimi." Watu wakaguna. "Nilikuwa nimeushika kwa mgongo. Alinisihi, nikakataa. Kisha akaacha kunisihi, akakaa chini kimya, na huo ukimya ndio ulionishinda. Nikamfungulia. Mimi, Nyamwiza. Nimekaa na jambo hili kifuani, nikingoja litue. Huyo aliyekuwa ndani ya engozi ndiye huyu hapa nyuma yangu, na waliokuja baada ya wale wawili aliowazika ni hawa mnaokula nao, wahesabuni wenyewe. Ndoa yake imekufa? Amerudi? Mwenye neno na anijie mimi, asimwendee maiti." Aliposema hayo hakuketi.

Deo akaiachia picha iende isiungue, na baada ya lango, kama ilivyokuwa sikuzote kwenye mkanda ule, wakatokea ng'ombe wakitoka malishoni, na dume lenye pembe pana likiongoza. Kivuli cha Bibi Nyamwiza kiliwafunika. Baba wa mchumba akanyoosha shingo kushoto, kisha kulia. Hatimaye akasema, "Waitu, Bibi wetu, tumekusikia. Sasa kaa, unatuzibia ng'ombe." Kicheko kilipasuka pande zote, hata Bibi Nyamwiza akacheka kwa hasira, na Koburungi akamshika kiuno kutoka nyuma akamketisha, na hakumwachia. Nilipowatazama tena, yule mama mzee alikuwa bado anatazama ng'ombe, na aliyemshika alikuwa ameulaza uso wake mgongoni mwake, mahali pale pale palipokuwa pameushika mlango.

Adelina aliolewa Nyakatuntu mwaka ule ule, baada ya mavuno ya kahawa. Nilikuwapo. Hakubebwa kwa engozi. Alikwenda kwa Landrova ya Deo, ambayo ilifungwa majani ya mgomba na kukataa kuwaka mpaka ikasukumwa. Koburungi alitoka nyumbani mbele ya watu wote, akatembea, hakukimbia, hadi langoni, akashika nguzo. Bwana Mikanda aliondoka miezi michache baadaye na mikebe yote. Kabla haijafungwa, nilikitafuta kipande kile chenye doa la kahawia, nikabandua karatasi ya zamani juu ya mkebe, ambayo ilisema mgonjwa anabebwa, nikaandika nyingine: "Mabira. Bibi harusi anapelekwa. Nyuma yake, mama yake." Koburungi alinipa ruhusa kwa kuinamisha kichwa tu, akiwa anakamua ng'ombe.

Nilipomaliza chakula changu siku ile ya mazishi, Adelina alirudi na maji ya kunawa. Nikamwuliza sababu yake. Akakaa kwenye gogo kando yangu, na mvua ilikuwa sasa imekata shauri, inanyesha kweli. "Mjukuu wangu anaolewa Januari," akasema. "Juzi wanapanga mambo, nikamsikia akiwaeleza wenzake kwamba mama atamsindikiza hadi barabarani, tena lazima, kwa sababu ndiyo mila yetu tangu zamani, asipokwenda ni mkosi." Alicheka, akapangusa macho, na sikujua machozi yale ni ya kicheko au ni yale aliyokuwa ameyaweka tangu asubuhi. "Nikataka kumwonyesha yule aliyeianza. Basi." Nikamwambia kwamba mkanda sina. Akanimiminia maji mikononi, taratibu, mpaka birika likaisha. "Lakini wewe ulimwona," akasema.

Nilimwona. Alitoka, akasimama kidogo kama aliyepigwa na jua, kisha akakimbia.